Santosh Sivan, Fundi wa Jua na Mvua

Mtajie mtu wa Pwani jina la Santosh Sivan, atakuuliza ni nani huyo. Mwanzishie "Chaiyya Chaiyya", atakupokea hapohapo, na kama amevuka miaka arobaini atakuonyesha na mabega yanavyochezeshwa. Filamu ya Dil Se, yenye wimbo huo, ilitoka mwaka 1998. Majumba mengi ya sinema ya kwetu yalikuwa yameshaanza kufungwa, na picha za Kihindi tukawa tunazipata kwa kanda za video zilizopokezanwa nyumba kwa nyumba mpaka rangi zikachujuka. Treni ile ilihimili hata hayo. Shah Rukh Khan na Malaika Arora wako juu ya mabehewa, milima ya Nilgiri inapita kijani kwa nyuma, injini inafuka moshi, reli inakata kona baada ya kona. Stelingi tulimjua. Mtunzi wa muziki, A. R. Rahman, tulimjua. Aliyeshika kamera hakuna aliyemuulizia.

Nataka kumzungumzia huyo. Kazi yangu mimi pia ni kamera, zaidi harusi na matangazo madogo, na kwa miaka sasa nimekuwa nikizirudia filamu zake, nikisimamisha picha, nikijiuliza jua liko upande gani. Ninachokishikilia ni hiki: kwa Sivan, mwanga una wajibu katika hadithi sawasawa na mwigizaji. Una pa kuingilia, una pa kutokea, na ukiuondoa kuna jambo ambalo mtazamaji hatalipata.

Chukua treni yenyewe. Ni treni ya kweli kwenye reli ya kweli, ile inayopanda kutoka Mettupalayam hadi Udagamandalam, mji ambao wengi huuita Ooty, katika jimbo la Tamil Nadu. Ni kilomita 46 za reli nyembamba ya upana wa mita moja, na penye mwinuko mkali injini hujivuta kwa gurudumu la meno linalong'ata reli ya katikati. Mandhari haikubandikwa baadaye. Sasa fikiria shida ya mpiga picha. Taa hawezi kuzisimika, maana mahali penyewe hapatulii. Kila kona jua linahama: lilikuwa usoni mwa wachezaji, mara liko kisogoni, mara limemezwa na mlima. Kinachobaki mkononi mwake ni kuijua njia, kujua treni itakuwa wapi saa ngapi, na kuwa tayari kabla ya dakika hiyo kufika. Kila ninapouona wimbo ule nafikiria mtu aliyeisoma ile reli kwa macho ya jua.

Filamu hiyohiyo ilimpeleka Ladakh, nchi ya mawe na upepo mkavu kaskazini kabisa mwa India, kisha ikamrudisha kwao Kerala, jimbo la kusini-magharibi mwa India, kwa "Jiya Jale", wimbo wa Kihindi wenye kiitikio cha Kimalayalam, lugha ya huko, ndani yake. Dil Se ilimpatia tuzo ya taifa ya upigaji picha. Lakini filamu za Kihindi kwake ni ugenini. Kazi yake imekulia katika Kimalayalam na Kitamil, na huko ndiko kwa kumfuata.

Alizaliwa mwaka 1964. Baba yake, aliyejulikana kwa jina moja tu la Sivan, alikuwa mpiga picha mashuhuri wa Thiruvananthapuram, mji mkuu wa Kerala, na studio yake aliifungua mwaka 1959. Ndiye aliyepiga picha za mnato za Chemmeen, filamu ya wavuvi ya mwaka 1965 ambayo watu wa Kerala wanaitaja hadi leo, na baadaye akaongoza filamu zake mwenyewe. Wanawe watatu wa kiume, Sangeeth, Santosh na Sanjeev, wote waliingia kwenye kazi hiyo. Sangeeth alipoongoza Yodha mwaka 1992, ambayo sehemu yake ilipigwa Nepal, kamera alimkabidhi mdogo wake, na muziki akampa kijana wa Madras, mji unaoitwa Chennai siku hizi, ambaye ndiyo kwanza alikuwa anaanza, huyohuyo Rahman. Sangeeth alifariki mwaka 2024.

Santosh alisoma katika chuo cha filamu na televisheni cha Pune, kilichoanzishwa mwaka 1960 ndani ya viwanja vya iliyokuwa studio ya Prabhat. Kerala imepeleka huko wapiga picha kizazi baada ya kizazi: Ramachandra Babu, Madhu Ambat, Shaji N. Karun, Venu, baadaye Rajeev Ravi. Balu Mahendra, Mtamil aliyezaliwa Sri Lanka, alipitia pia hapo, akapiga filamu za Kimalayalam kabla ya kuwa mwongozaji mkubwa wa Kitamil.

Kuvuka kutoka lugha moja kwenda nyingine halikuwa jambo geni. Kwa miongo mingi filamu za Kimalayalam zilitengenezewa Madras, katika mtaa wa Kodambakkam, ambako ndiko kulikokuwa na studio kubwa na maabara za kusafishia mikanda. Fundi mzuri wa kamera aliitwa na watu wa lugha zote. Tofauti ilikuwa mfukoni. Filamu ya Kimalayalam ilikuwa na fedha kidogo, siku chache, taa chache, na mara nyingi nyumba halisi badala ya seti. Ya Kitamil ilikuwa na mastaa wakubwa, umati, na seti za kujengwa. Sivan alijifunza kubana upande mmoja na kutanua upande wa pili, na hakuna filamu yake nzuri ambayo haina yote mawili.

Perumthachan ya mwaka 1990 ndiyo iliyomtambulisha. M. T. Vasudevan Nair aliiandika kutokana na ngano ya kale ya Kerala: seremala mkuu, mjenzi wa mahekalu, ana mwana anayempita kwa ustadi, na siku moja patasi inaanguka kutoka juu. Thilakan ndiye seremala. Nyumba zao ni za mbao, mapaa yameshuka chini kukwepa mvua, ndani giza mchana kutwa, na mwanga unaingia mlangoni au unatoka kwenye taa ya mafuta. Kwa mbao zilizochongwa vizuri namna ile, kishawishi cha kuwasha taa kila upande ni kikubwa. Sivan aliziacha pembe za chumba ziwe nyeusi. Uso wa mzee unatoka gizani nusunusu, na wivu wake unaujua kabla hajasema neno. Hiyo nayo ilimpatia tuzo ya taifa.

Mwaka uliofuata mwongozaji Mani Ratnam alimwita kwa ajili ya Thalapathi. Kwangu mimi hapa ndipo fundi alipokamilika.

Thalapathi ni kisa cha Karna wa Mahabharata, utenzi wa kale wa India, kilichohamishiwa katika mji wa siku hizi. Msichana ambaye hajaolewa anajifungua na kumwacha mtoto; mtoto analelewa na watu maskini, anakua kuwa jitu la mtaani, anasuhubiana na bwana mmoja mbabe mwenye huruma. Rajinikanth ni mtoto huyo, Mammootty ni rafiki. Katika utenzi wa kale baba yake Karna ni mungu jua, na ndani ya filamu jina la Rajinikanth ni Surya, ambalo ni jina la jua. Sivan akalichukua jambo hilo kwa uzito wote. Surya anapofikwa na saa nzito za maisha yake, jua liko naye kwenye picha: nyuma ya bega, nyuma ya kichwa, kubwa, la rangi ya chungwa. Hakuna anayelitaja. Mtazamaji asiyejua lolote kuhusu Mahabharata atahisi tu kwamba mtu huyu, aliyeachwa na kila mtu, ana anayemtazama. Sehemu ya kuzaliwa kwake imepigwa kwa nyeusi na nyeupe, halafu rangi zinaingia na jua linaingia nazo.

Anayejua kazi hii anajua ugumu wake. Jua la namna hiyo linapatikana asubuhi sana au jioni sana, na katika nchi za joto kama kule, na kama huku kwetu, linapanda na kushuka haraka. Una dakika chache na mwigizaji ambaye ni mfalme wa nchi. Ili lionekane kubwa lazima lenzi iwe ndefu, na mwigizaji asimame mbali, pale hasa. Na enzi hizo ni mkanda. Futi 400 zinakwisha kwa dakika nne na nusu hivi, na ulichokipiga hukioni mpaka kirudi kutoka maabara. Ukikosea kipimo cha mwanga dhidi ya jua, uso wa Rajinikanth unakuwa doa jeusi.

Roja ilifuata mwaka 1992, filamu ya kwanza ya Rahman, yenye kisa cha Kashmir kilichopigwa kwingine kwa sababu Kashmir yenyewe haikuwa salama. Halafu Kaalapani ya mwongozaji Priyadarshan mwaka 1996, ya wafungwa wa enzi ya Mwingereza katika gereza la Port Blair, visiwani Andaman, nayo ikiwa na tuzo ya taifa. Iruvar ya mwaka 1997 nisingependa kuipita kasi. Ni kisa cha marafiki wawili wa Tamil Nadu, mmoja mwigizaji, mmoja mwandishi, wanaoinuka pamoja katika siasa kisha wanakuwa mahasimu. Kila Mtamil alijua ni wazee gani waliompa Mani Ratnam wazo hilo. Mohanlal, staa wa Kimalayalam, anacheza mwigizaji wa Kitamil, na Prakash Raj ndiye mwandishi. Sivan anaacha kamera itembee nao bila kukata, ikawazunguka wawili hao chumbani mpaka unaona nani anamkaribia nani na nani anarudi nyuma. Urafiki wao unavunjika mbele ya macho yako ndani ya pande moja la picha. Ilipotoka haikuuza. Leo waongozaji wa Kitamil wanaitazama kama kitabu cha shule, na tuzo ya taifa ya upigaji picha ilikwenda kwake tena.

Kisha akafanya kazi ninayoipenda kuliko zote. Aliiandika, akaiongoza na kuipiga mwenyewe kwa Kitamil, kwa fedha ndogo: Theeviravaathi, ambayo nje ya India inajulikana kwa jina la The Terrorist. Mwigizaji John Malkovich aliipenda kiasi cha kuipa jina lake ilipotolewa Marekani. Msukumo wake ni kuuawa kwa Rajiv Gandhi tarehe 21 Mei 1991 huko Sriperumbudur, pale mwanamke aliyejifunga mabomu alipomsogelea katikati ya umati. Filamu haimtafuti kiongozi wala polisi. Inamfuata msichana mwenye miaka 19, Malli, aliyechezwa na Ayesha Dharker, tangu anapochaguliwa msituni hadi siku ya kutekeleza. Anafichwa katika nyumba ya mkulima mzee, ambaye mkewe amelala kitandani bila fahamu kwa miaka mingi, macho wazi. Na humo Malli anagundua kuwa ana mimba.

Wapo waliosema filamu hiyo ni nzuri mno kwa jambo baya namna hiyo. Matone ya mvua kwenye jani, maji ya mto yanayometameta, jua linalopenya mitini. Nimeisikia hoja hiyo na siikubali. Uzuri ule ni wa nani? Ni wa Malli. Yeye ndiye anayeona, na kamera imekaa karibu na uso wake kiasi kwamba karibu kila kitu kinatufikia kupitia macho na pumzi yake. Kila tone tunalolipenda ni tone ambalo amekubali kuliacha. Kama Sivan angeipiga dunia ile kavu na ya kijivu, kufa kusingemgharimu chochote, na swali zima la filamu lingekufa kabla yake.

Mvua yenyewe ni somo. Yeyote aliyewahi kujaribu kuipiga picha anajua kwamba mvua haionekani. Unalowa, kamera inalowa, ukirudi kutazama unakuta ukungu tu wa kijivu. Tone linaonekana pale mwanga unapotoka nyuma yake na kupenya kuja kwenye lenzi. Mtu aliyekulia Kerala, ambako mvua za msimu hunyesha kwa miezi, alikuwa na muda wa kulijifunza hilo. Katika filamu zake mvua ina uzi, ina uzito, inasikika kabla ya sauti kuwekwa.

Na ngozi. Hapa naomba mafundi wenzangu wa Dar, Mombasa, Zanzibar na kwingineko mnisikilize. Mazoea yetu ukumbini ni kumwasha bibi harusi taa ya moja kwa moja usoni. Paji linawaka, pua inawaka, mashavu yanageuka majivu, halafu tunaongeza taa nyingine kwa kudhani tatizo ni giza. Mtazame Malli. Dharker hakupakwa weupe, na mwanga unamjia kwa pembeni au kwa nyuma, laini, ukitafuta jasho kwenye shingo, mafuta kwenye nywele, maji kwenye shavu. Ngozi nyeusi huonyesha umbo lake kwa kile inachokiakisi. Mpe dirisha pana upande mmoja, mwachie kivuli upande wa pili, uso wote utasimama wenyewe, na rangi itabaki rangi yake. Nimelijaribu hilo kwenye harusi za Tanga na za Kariakoo, na mama wa bibi harusi hawajawahi kulalamika.

Si kila uzuri wake ninautetea. Asoka ya mwaka 2001, aliyoiongoza na kuipiga mwenyewe na Shah Rukh Khan ndani yake, ina picha za kukatisha pumzi, lakini hadithi inazama chini yao. Mfalme anayeijutia damu aliyoimwaga Kalinga alihitaji muda wa kuonekana akijuta, na muda huo umeliwa na matope mazuri na mito mizuri. Mwanga pale umekosa wajibu. Kuhusu filamu kubwa za Kitamil za baadaye, Thuppakki ya mwaka 2012 na Darbar ya mwaka 2020, nitasema tu kwamba ni kazi safi ya fundi aliyeitwa kazini.

Anandabhadram ya mwaka 2005 ni jambo lingine. Ni ya Kimalayalam, ya uchawi na nyumba za kale, na ndani yake kuna wimbo ambamo watu wanakaa na kuvaa kama katika michoro ya Raja Ravi Varma. Huyu alikuwa mchoraji wa karne ya 19 kutoka Kilimanoor, si mbali na Thiruvananthapuram, ambaye miungu yake ya kuchapwa ilienea katika nyumba za India nzima. Ravi Varma alipaka rangi za mafuta nyuso za wanawake wa kusini zikiwa na mwanga wa dirishani. Miaka michache baadaye mwongozaji Lenin Rajendran alipotengeneza filamu juu ya mchoraji huyo, Makaramanju, alimpa Sivan uhusika mkuu, kuwa Ravi Varma mwenyewe. Sijui kama kuna mpiga picha mwingine aliyepata heshima ya namna hiyo.

Filamu yake inayotugusa sisi moja kwa moja ni Urumi ya mwaka 2011, aliyoiongoza na kuipiga kwa Kimalayalam. Prithviraj anacheza Kelu, kijana wa Malabar, pwani ya kusini-magharibi mwa India, aliyeapa kumuua Vasco da Gama. Chanzo cha kiapo ni unyama wa mwaka 1502, Wareno walipoiteka meli ya mahujaji waliokuwa wanarejea kutoka Makka na kuichoma moto pamoja na waliokuwamo. Kelu anakusanya mapambo ya wanawake na watoto waliokufa na kuyafua kuwa urumi, upanga mwembamba unaopindika kama mkanda wa kiunoni. Mwaka huohuo wa 1502 da Gama alipita Kilwa na kumlazimisha mtawala wake kutoa ushuru wa dhahabu. Na miaka minne kabla, rubani wa kumvusha hadi Calicut, bandari ya Malabar, alimpata Malindi, wakavuka na upepo wa kusi. Shuleni tulisomeshwa mnara wa Malindi na Ngome ya Yesu. Watu wa ng'ambo ya pili ya bahari hiyohiyo, waliochomewa baba zao na mtu yuleyule, hatukufundishwa wanamkumbukaje. Urumi ni ndefu, na nyimbo zake zingine zinaichelewesha, lakini hakuna filamu nyingine ya ukubwa ule ninayoijua inayomtazama da Gama akitokea baharini kutoka upande wa wenye pwani.

Mwishoni mwa mwaka 2024 Sivan alirudi kwenye jina hilohilo. Barroz, filamu ya kwanza kuongozwa na Mohanlal, iliyopigwa kwa 3D, inahusu mzimu unaolinda hazina ya da Gama. Huko Kochi, mji wa bandari wa Kerala, kuna imani ya tangu enzi za Wareno juu ya Kappiri Muthappan, roho ya mtumwa Mwafrika aliyeuawa na kufukiwa na mali ili ailinde, Waholanzi walipouteka mji mwaka 1663. Mtaa wa Mattancherry una kijumba chake, na watu bado wanamwashia mishumaa na kumwekea sigara. Hadithi ya huyo bado inamsubiri mtengenezaji filamu, na ningependa sana mmoja wao awe wa kwetu.

Heshima zimemfikia. Padma Shri ya serikali ya India mwaka 2014. Uanachama wa chama cha wapiga picha wa filamu cha Marekani. Na Mei 2024, katika tamasha la Cannes, tuzo ya heshima ya Pierre Angénieux, inayotolewa na kiwanda cha lenzi cha Ufaransa, ambayo wapiga picha wa filamu Roger Deakins na Christopher Doyle waliipata kabla yake. Alikuwa mtu wa kwanza kutoka Asia kuipokea.

Anayetaka kuanza, aanze na Thalapathi, kwa sababu ina Rajinikanth na nyimbo, na nyumba nzima itakaa kuitazama. Halafu Iruvar, akiwa na utulivu. Theeviravaathi aitazame usiku, peke yake, kwenye skrini kubwa kuliko zote anayoweza kuazima, akiwa amezima taa za chumbani, maana vivuli vya Sivan kwenye simu vinageuka weusi mtupu. Na akiwa na kamera yake mwenyewe, kesho yake atoke nayo kabla ya saa kumi na mbili asubuhi.